Alosteria: kuvunja amri bila kuvunja kazi

Kwa miaka kadhaa, kabla dawa ya dolutegravir haijachukua nafasi mwishoni mwa muongo uliopita, watu wengi walioanza dawa za kufubaza VVU katika kliniki za Afrika Mashariki walipewa kidonge kimoja cha kumeza usiku kabla ya kulala. Ndani yake mlikuwa na dawa tatu: tenofovir, lamivudine na efavirenz. Zote tatu hushambulia kimeng'enya kilekile, ambacho kirusi hukitumia kunakili RNA yake iwe DNA, lakini hazikishambulii mahali pamoja. Mbili za kwanza hujifanya malighafi, zikaingia palepale kazi inapofanyika na kuukata uzi unaosokotwa. Efavirenz haipagusi hapo. Hukaa pembeni, umbali wa nanomita moja hivi, na kutoka huko huisimamisha kazi yote.

Wanabiokemia wana neno kwa jambo hili: alosteria. Ni neno ambalo wengi tulifundishwa kulifasiri kuwa "mahali pengine", na hapo ndipo maana yake inapoanza kupotea. Katika Kigiriki, allos ni "-ingine" na stereos ni kitu kigumu, chenye umbo. Jacques Monod na François Jacob, walioliingiza neno hili katika maandishi yao ya mwaka 1961, walikuwa wanasema habari za umbo, na umbo lenyewe lilikuwa la molekuli inayozuia: halifanani na umbo la malighafi ya kimeng'enya. Kwamba molekuli hiyo hushika mahali pengine lilikuwa hitimisho lao. Nalisisitiza hili kwa sababu neno lenyewe linatunza njia ya hoja. Walianza na walichokijua, yaani maumbo ya molekuli mbili, wakafikia wasichoweza kukiona, yaani sehemu za protini.

Kitendawili kilikuja mwaka 1956. Edwin Umbarger alikuwa akichunguza bakteria E. coli, ambaye hutengeneza isoleusini kutokana na threonini kwa hatua tano, kila hatua na kimeng'enya chake. (Kiswahili kinabanwa kidogo hapa. Kumeng'enya ni kuvunjavunja, kama tumbo linavyofanya kwa chakula, na vimeng'enya vingi vya njia hii vinajenga.) Umbarger aliona kwamba isoleusini ikijaa, inayosimama ni hatua ya kwanza kabisa, inayoongozwa na kimeng'enya kiitwacho diaminesi ya threonini. Bidhaa ya mwisho inarudi mlangoni na kuufunga. Mwaka huohuo Richard Yates na Arthur Pardee walionyesha mambo ya namna hiyo katika njia ya kutengeneza pirimidini.

Ugumu ulikuwa kueleza mlango unafungwaje. Tangu Emil Fischer mwaka 1894, kimeng'enya na malighafi yake vilifikiriwa kama kufuli na ufunguo, na kizuizi kikawa ufunguo bandia: kinaingia kwenye tundu kwa sababu kimefanana na ule wa kweli. Isoleusini haifanani hivyo na threonini. Zote mbili ni asidi amino, ndiyo, lakini mkia wa threonini ni mfupi na una haidroksili, unapenda maji. Mkia wa isoleusini ni mrefu zaidi na unayakimbia. Ufunguo mbaya. Hata hivyo vipimo vilikuwa vinasema kinyume, kwa kuwa ukiongeza threonini nyingi kizuizi kilizidiwa, kana kwamba viwili hivyo vinagombea kiti kimoja. Juu ya hayo, kasi ya kimeng'enya haikupanda kwa mchoro wa kawaida, ule unaoruka mwanzoni kisha ukatambaa. Ilichora herufi S: polepole, halafu ghafla, halafu polepole tena.

Kazi hii ilimwangukia Jean-Pierre Changeux, mwanafunzi wa uzamivu katika maabara ya Monod, Taasisi ya Pasteur, Paris. Alichora picha mbili na kuzipambanisha. Katika ya kwanza, kiti cha isoleusini na cha threonini vinaingiliana, kwa hiyo mmoja akikaa mwingine hapati nafasi. Katika ya pili viti viko mbalimbali, wala miili ya molekuli hizo mbili haigusani. Siku hizo hakuna aliyeweza kuiona protini hiyo kwa mionzi ya X na kumaliza ubishi. Ilibidi protini iulizwe kwa njia nyingine.

Njia aliyoitumia naihesabu miongoni mwa hoja safi kabisa za biokemia. Ikiwa kiti ni kimoja, basi lolote litakalokiharibu litaviharibu vyote viwili, kazi na amri. Ikiwa viti ni viwili, lazima pawepo kiwango fulani cha uharibifu kitakachovunja kimoja na kukibakiza kingine. Changeux akakipasha joto kimeng'enya. Joto likizidi, protini yoyote hufa. Ustadi ulikuwa kulipima hadi mahali ambapo tabia mbili zinaporomoka kwa kasi tofauti. Na mahali hapo palikuwepo. Kimeng'enya kiliendelea kuibadili threonini vizuri, lakini hakikusikia tena isoleusini. Kilikuwa kiziwi, si maiti.

Mpinzani makini angeweza kusema kwamba hata viti vinavyoingiliana vinaweza kupoteza ule upande mmoja tu unaoshika mkia wa isoleusini. Pingamizi hilo lina haki yake. Kinachonivuta zaidi ni jambo lililoandamana na uziwi: mchoro wa S ulitoweka pia. Kimeng'enya kiziwi kilipanda kwa mchoro wa kawaida. Usikivu na ile S vilikuwa vimefungwa pamoja mahali fulani katika muundo wa protini, na vilikatika pamoja. Matokeo haya yalisomwa Juni 1961 katika mkutano wa Cold Spring Harbor, Marekani, na katika makala ya kufunga mkutano huo Monod na Jacob wakalitumia neno jipya.

Uthibitisho wa kushikika kwa mikono ulitoka upande mwingine wa Atlantiki. John Gerhart na Pardee walikuwa na kimeng'enya cha njia ya pirimidini, transkabamilesi ya aspateti, ambacho huzuiwa na CTP, bidhaa ya mwisho wa njia yake, na huchangamshwa na ATP. Mwaka 1962 waliripoti kwamba joto au misombo ya zebaki hukifanya kiziwi kwa CTP bila kukiua. Mwaka 1965 Gerhart na Howard Schachman walikwenda hatua moja mbele. Walikitia zebaki, wakakizungusha katika mashinepewa yenye kasi kubwa, kikagawanyika vipande vya aina mbili. Kipande kimoja kilifanya kazi kwa bidii na hakikuijali CTP. Kingine kiliishika CTP na hakikufanya kazi yoyote. Zebaki ilipoondolewa na vipande kuchanganywa tena, kimeng'enya kizima kilirudi, na usikivu wake pia. Hapo pingamizi la viti vinavyoingiliana halikuwa na pa kusimama, kwa kuwa amri na kazi zilikuwa katika minyororo tofauti ya protini. Picha za mionzi ya X zilizokuja baadaye kutoka maabara ya William Lipscomb, Harvard, zilionyesha kwamba viti hivyo vimeachana kwa nanomita sita hivi. Kwa molekuli, huo ni mwendo mrefu.

Sasa, amri inasafirije umbali huo? Mwaka huohuo wa 1965 Monod, Jeffries Wyman na Changeux walitoa jibu lao. Fikiria chandarua kilichofungwa kwa kamba nne. Ukikaza kamba moja, huwezi kuibadilisha pembe hiyo peke yake. Pembe zote nne hubadili mkao. Protini ya namna hii, walisema, imejengwa kwa vipande vinavyofanana, na ina mikao miwili tu: uliokazwa na uliolegea. Protini hubadilika kutoka mkao mmoja hadi mwingine hata ikiwa peke yake. Kizuizi hakiilazimishi, kinaukuta mkao uliokazwa, kinaushika, na hivyo kinaongeza idadi ya protini zilizo katika mkao huo. Malighafi hufanya vivyo hivyo kwa mkao uliolegea. Kutokana na hilo peke yake unaipata S, na unapata kisa cha threonini nyingi kuishinda isoleusini bila viwili hivyo kugusana. Daniel Koshland na wenzake walijibu mwaka 1966 kwamba pembe hubadilika moja baada ya moja. Ubishi huo umedumu, na kila upande una protini zake zinazoukubali.

Mfano mkuu wa makala ya 1965 haukuwa kimeng'enya. Ulikuwa himoglobini, yenye vipande vinne na mchoro wa S ambao Christian Bohr wa Copenhagen aliuonyesha mwaka 1904. Lakini angalia kilicholipata neno. Katika himoglobini oksijeni inayoingia kiti cha kwanza hurahisisha kuingia kwa oksijeni ya pili, nazo zina umbo lilelile. Ile allos, "-ingine", imepotelea wapi? Waandishi wenyewe waliliona hilo, wakagawa athari katika makundi mawili, za molekuli za aina moja na za aina tofauti, na neno likapanuliwa lizifunike zote. Tangu hapo alosteria imekuwa jina la tabia ya protini nzima: sehemu moja ikiguswa, nyingine inabadilika. Huo ni upanuzi wa haki, maana uliletwa na ushahidi.

Usio wa haki ni ule unaosomwa katika madaftari ya wanafunzi, kwamba kizuizi cha kialosteria ni jina jingine la kizuizi kisichoshindana na malighafi. Kushindana au kutoshindana ni habari ya mchoro, yaani kasi inavyobadilika malighafi ikiongezwa. Alosteria ni habari ya jinsi protini ilivyojengwa. Isoleusini ya Changeux ingetosha kuikata kauli hiyo: mchoro wake ulionekana wa ushindani, na kiti chake kilikuwa kingine.

Ukishajua kwamba amri inaweza kukatwa na kazi ikabaki, unaweza kuikata kwa makusudi. Laisini inayowekwa katika chakula cha kuku hutengenezwa viwandani na bakteria Corynebacterium glutamicum. Bakteria wa kawaida huacha kuitengeneza inapotosha, kwa sababu laisini ikishirikiana na threonini hukizuia kimeng'enya cha mwanzo wa njia. Wanaotumiwa viwandani wamechaguliwa kwa uziwi: kimeng'enya chao hakisikii, nao wanaendelea kuitoa laisini nje ya seli. Porini bakteria wa namna hiyo angekuwa mfujaji asiyefika mbali.

Hapo ndipo ninapokirudia kidonge, na kwa moyo mzito. Nevirapine, ndugu mkubwa wa efavirenz, ilijaribiwa Kampala katika Hospitali ya Mulago, na matokeo yakachapishwa mwaka 1999. Mama alimeza kidonge kimoja cha miligramu 200 uchungu ulipoanza, na mtoto akapewa tone lake ndani ya saa 72. Maambukizi kwa watoto yalipungua karibu nusu, yakilinganishwa na ya waliopewa zidovudine kwa muda mfupi. Kwa nchi ambazo hazikuwa na uwezo wa matibabu marefu, ilikuwa habari kubwa.

Wakati huo tulikwishajua dawa hiyo inakaa wapi. Mwaka 1992 maabara ya Thomas Steitz, Chuo Kikuu cha Yale, ilionyesha kimeng'enya cha VVU kikiwa kimeishika nevirapine. Kimeng'enya hicho huelezwa kama mkono wa kuume: vidole, kiganja na dole gumba. Kazi hufanyika kiganjani. Dawa imejipenyeza karibu na shina la dole gumba, katika mfuko ambao haupo dawa isipokuwepo; asidi amino mbili za tairosini, namba 181 na 188, hugeuka ndipo nafasi ipatikane. Dole gumba hubaki limenyooka, na kiganja kinapoteza mkao wake.

Lakini mfuko huu si kama kiti cha isoleusini. Kiti kile kilichongwa na mageuzi kwa faida ya bakteria mwenyewe, na akikipoteza anapata hasara. Mfuko wa nevirapine hauna kazi inayojulikana kwa kirusi. Kwa hiyo badiliko moja linatosha: mahali namba 103, laisini ikipisha asparajini, ile asparajini huishika tairosini 188 na kuufanya mlango wa mfuko ubaki umefungwa. Kiganja hakijaguswa. Kimeng'enya kinanakili karibu kama zamani, na sasa ni kiziwi kwa nevirapine na kwa efavirenz pia. Ni jaribio la Changeux lililorudiwa, safari hii bila joto wala zebaki, ndani ya mwili wa mgonjwa. Miongoni mwa akina mama waliomeza kidonge kimoja tu cha Mulago, badiliko hilo namba 103 ndilo lililoonekana mara kwa mara wiki chache baadaye.

Waliotengeneza dawa iliyofuata ya ukoo huu, etravirine, iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2008, hawakuuhama mfuko. Waliipa molekuli viungo vinavyopinda, iweze kujigeuza na kukaa hata mfuko ukibadilika umbo. Badiliko namba 103 likiwa peke yake haliizuii.