Kasri la Mtoni katika Kumbukumbu za Salme: Usanifu na Ukimya
Sehemu hii inahakiki taswira ya kasri la Mtoni, Unguja, katika kumbukumbu za Sayyida Salme (Emily Ruete), zilizochapishwa kwa Kijerumani mwaka 1886. Mwandishi anausawiri ua mpana wenye tausi na swala, hamamu, na roshani ya duara iliyoelekea bahari, alikotembeatembea baba yake, Sayyid Said. Maelezo hayo yana uzito, kwani mwandishi alizaliwa humo. Hata hivyo, watumwa waliolihudumia kasri wanabaki kuwa sehemu ya mandhari, na katika sura ya utumwa anautetea mfumo huo mbele ya wasomaji wa Ulaya. Kwa hiyo, magofu ya Mtoni yasifasiriwe kwa kumbukumbu hizo pekee: uzuri wa ua na jasho lililoutunza ni historia moja.