Othografia si Tahajia

Miongoni mwa istilahi tulizozipokea kutoka katika vitabu vya isimu vya Kiingereza, hakuna inayotumiwa kwa uhakika mwingi na kuchunguzwa kwa uchache kama 'orthography'. Wengi wetu huiandika 'othografia', tukaambiwa kwamba maana yake ni tahajia, nasi tukaridhika. Nionavyo mimi, kuridhika huko ni kwa haraka mno, tena gharama yake humwangukia mwanafunzi siku ya mtihani.

Asili ya neno hilo ni Kiyunani. 'Orthos' ni kilichonyooka, au kilicho sahihi. 'Graphein' ni kuandika. Lilipita katika Kilatini na Kifaransa cha kale, likafika Uingereza mnamo karne ya 15. Hapo ndipo penye kichekesho. Waingereza wa zamani hizo waliweza kuliandika 'ortografie', wakifuata Wafaransa. Baadaye wanazuoni waliotaka nasaba ya Kiyunani ionekane wazi wakalirudishia 'h' yake. Yaani neno lenyewe linalodai unyoofu wa maandishi lilipindwa na kunyooshwa njiani! Wala halikuwa peke yake. Neno 'dette', lenye maana ya deni, lilitiwa 'b' ili lifanane na Kilatini, na herufi hiyo haijapata kutamkwa hata leo. Neno 'island', yaani kisiwa, lilitiwa 's' kwa kudhaniwa kuwa ni ndugu wa 'isle' lililotoka Ufaransa, hali asili yake ni ya Kiingereza cha kale na haikuwa na 's' kamwe. Basi usahihi huu ni mapatano ya wanazuoni na wapiga chapa, na mengine yamejengwa juu ya dhana potofu.

Waingereza wana neno jingine la nyumbani zaidi, 'spelling'. Hili lilitokana na kitenzi cha Kifaransa cha kale ambacho nacho kilikuwa na mzizi wa Kijerumani wenye maana ya kusema au kusimulia. Katika mzizi huohuo limo neno lao la Injili, 'gospel', ambalo asili yake ni habari njema, na pia neno lao la maneno ya uganga. Sisi nasi tuna letu. Tahajia imetoka katika Kiarabu, na jamaa yake 'hija'' huko Kiarabuni ni hesabu ya herufi, na kwa umbo hilohilo ni ushairi wa kukashifu watu. Walimu wanaosoma daftari za wanafunzi kwa sauti mbele ya darasa wanazijua maana zote mbili. Wazee wetu wa shule walisema pia 'kuendeleza neno', na 'maendelezo'. Msemo mzuri, ingawa siku hizi maendeleo ya barabara na viwanda yameufunika.

Sasa tofauti yenyewe. Tahajia ni mpangilio wa herufi za neno moja. Othografia ni utaratibu mzima wa maandishi ya lugha: herufi zipi zitumike, maneno yatengwe wapi, herufi kubwa, kistari, alama za kituo. Mwanafunzi akiandika 'ku soma', tahajia yake haina kasoro, maana hakuna herufi iliyopotea wala iliyozidi. Alichovunja ni othografia. Anayesema istilahi hizi ni pacha hana jina la kosa hilo.

Jambo hili latuhusu zaidi sisi tunaofundisha Burundi na kwa jirani zetu. Mtoto wa hapa amejifunza kwanza kusoma Kirundi, ambamo sauti ya 'ch' huandikwa 'c' peke yake. Akiandika 'cakula', hakukosea Kiswahili; amechukua utaratibu wa lugha moja akautia katika nyingine, tena utaratibu ambao kwa haki ya Mungu ni wa akili zaidi kuliko wetu, kwa kuwa sauti moja hupata herufi moja. Akiandika 'kurara' kwa 'kulala', hilo ni jambo la masikio na ulimi. Akiandika 'kitabu yangu', hapo ndipo sarufi ilipoanguka. Nimeona karatasi ambazo makosa hayo matatu yamepigwa mstari mmoja mwekundu na kukatwa alama sawasawa, kana kwamba ugonjwa ni mmoja na dawa ni moja.

Sisemi 'cakula' iachwe. Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka 1930 ilikuwa na kazi ya kusanifisha maandishi ili kitabu kimoja kisomeke Dar es Salaam, Mombasa na Kampala, na mapatano hayo yana faida kubwa mno kuchezewa. Lakini maandishi yaliyopatanwa hubadilika: vitabu vya zamani viliandika 'khabari', na waliovisoma hawakuwa wajinga. Kwa hiyo napendekeza kwamba katika mitihani yetu ya insha alama za sarufi zitengwe na alama za maandishi, na kosa moja la othografia likirudiwa mara kumi katika karatasi moja lihesabiwe mara moja tu. Wenzetu wasahihishaji watasema muda hautoshi. Wajaribu kwanza kwa darasa moja, muhula mmoja, kisha waandike katika ukurasa huu waliyoyaona.