Moja au Mbili? Tunaiuliza Ngozi Swali Baya

Kama umesoma baiolojia, huenda umelifanya zoezi hili. Mwenzako anafumba macho, unamgusa kwa ncha mbili za waya uliokunjwa, unamuuliza: moja au mbili? Unazidi kuzisogeza ncha hadi aseme moja. Kidoleni umbali huo ni kama milimita 2 hadi 4. Mgongoni unaweza kufika 40.

Ernst Heinrich Weber wa Ujerumani alichapisha vipimo vya namna hii mwaka 1834, kwa kutumia bikari. Kwa kuonyesha kwamba ngozi haina hisia sawa kila mahali, ni zoezi zuri na halina gharama. Shida yangu ni ile namba ya mwisho, tunayoiita kipimo cha uwezo wa ngozi kutenganisha miguso.

Muhula uliopita nilisimamia zoezi hili maabara. Mwanafunzi mmoja alisema "mbili" wakati nimemgusa kwa ncha moja tu. Nikamkata maksi, nikidhani hayupo makini. Mwenzake alisema "moja" kila alipokuwa na shaka, nikaona ngozi yake ni butu. Kumbe nilikuwa napima tabia ya kujibu: huyu anathubutu, yule anasita.

Halafu kuna dalili za pembeni. Ni vigumu mkono wa mtu kutua ncha zote mbili kwa wakati mmoja, na ile inayotangulia inatoa siri. Hata zikitua pamoja, ncha mbili zilizokaribiana huibonyeza ngozi tofauti na ncha moja, hivyo neva hutuma ishara tofauti. Mtu anatambua "hii siyo ile ya mwanzo", anajibu "mbili", na hajahisi nafasi yoyote katikati. Ndiyo maana James Craig na Kenneth Johnson waliandika mwaka 2000 kwamba kipimo hiki hakipimi kile kinachodaiwa.

Hili si la maksi tu. Mgonjwa aliyeshonwa neva ya mkono hupimwa hivihivi kuona kama hisia imerudi. Namba ikidanganya, anaweza kuambiwa yuko sawa kumbe bado.

Dawa ipo. Watafiti hutumia vibao vyenye mifereji: unabonyeza kidole, unauliza mifereji imeelekea wapi. Hapo kuna jibu sahihi na lisilo sahihi, na kuthubutu hakumsaidii mtu. Kwa vijana, kidole husoma mifereji ya upana wa karibu milimita 1.

Huna vibao? Chukua waya uleule, badilisha swali. Uliza: ncha zimekaa kwa urefu wa kidole au kwa upana? Badilisha mwelekeo bila mpangilio, rudia mara 20, hesabu majibu sahihi. Akipata kama nusu, anabahatisha.

Muhula huu ndivyo tunavyofanya. Na yule mwanafunzi nimemrudishia maksi zake.