Hongera, Waongoza Wageni wa Ngare Ndare

Hongera kwenu, waongoza wageni wa msitu wa Ngare Ndare hapa Timau. Daraja la nyaya linaloning'inia kati ya matawi kila mtu hulipiga picha; ninyi ndio mnaotutajia mierezi na mizeituni mwitu mti kwa mti, na kueleza jinsi ndovu wanavyopita humu kutoka hifadhi ya Lewa kuuelekea Mlima Kenya, wakivuka chini ya barabara ya Nanyuki–Meru kwa njia waliyojengewa, iliyoanza kutumika 2011. Matembezi yakiisha, mnamwelekeza mgeni mjini akale mukimo wa viazi vya huku huku, kwenye meza wanayokula wenyeji. Hilo kwangu ndilo kubwa. Msomaji, ukija, mchague mwongozaji mzaliwa wa hapa, na umlipe vizuri.