Ryu Apiga Mayowe Gikomba

Jamani, hebu sikizeni hii! Spika mbili za mtumba, kompyuta kuukuu ya ofisi iliyovuka bahari hadi kibandani soko la Gikomba, Nairobi, na MAME, programu inayoiga mashine za gemu za zamani, yenye mfumo wa sauti ulioletwa 2025. Nikafungua Street Fighter II, gemu ya Capcom ya 1991. Mpiganaji Ryu akarusha moto: "Hadoken!" Kijana aliyekuwa akifungua belo la jinzi kibanda cha pili aliacha kazi, akaja kuchungulia.

Kinachonitia wazimu ni kwamba hapa hakuna muziki uliorekodiwa. MAME inaziiga chipu zenyewe za mashine. Ndani ya mashine ya Capcom, prosesa ya Z80 ilikuwa na kazi moja tu, sauti: inaiamuru Yamaha YM2151, yenye chaneli nane, ipige muziki, huku chipu ya OKI ikitoa mayowe na vishindo. Leo kompyuta inazipigia hesabu kazi zote hizo papo hapo. Mpiganaji akikaribia kuzirai, muziki unashika kasi vilevile kama zamani, na wewe vidole vinaanza kutetemeka! Kwa upande wa Yamaha, shukrani zimwendee Aaron Giles, aliyeandika ymfm, msimbo unaoziiga chipu hizo, mwaka 2021.

Si kila mashine inaigika kirahisi hivyo. Space Invaders ya 1978 ilitoa milio yake kwa saketi za analogi, ambazo ni ngumu zaidi kuiga, na kwa miaka mingi MAME ililazimika kutumia sauti zilizorekodiwa.

Bonyeza Tab, ingia menyu ya sauti: kuna ikwalaiza, kompresa, mwangwi. Ikwalaiza ni dhahabu, nilipunguza besi kidogo tu na spika zangu zikaacha kukoroma, gitaa la jukwaa la mpiganaji Ken likajitokeza safi juu ya kelele zote za wauzaji za "mia mia mia!" Mwangwi niliuzima haraka. Ryu alisikika kama mhubiri wa krusedi pale uwanja wa Kamukunji.

MAME ni bure, lakini gemu nyingi bado zina wenyewe. Ukitaka kuanza bila kugombana na sheria, tovuti ya MAME inatoa Robby Roto ya 1981 kwa idhini ya wenye haki. Ni ya kujiburudisha tu, usije ukawalipisha watu kibandani.