Sauti Tatu kwenye Meza ya Uhariri

Toleo kamili la Nymphomaniac, filamu ya Mdenmark Lars von Trier, lina urefu wa takriban saa 5 na nusu. Lile lililotangulia kuonyeshwa Denmark, Desemba 2013, lilikuwa la saa 4 hivi. Lilipunguzwa kwa ridhaa ya mwongozaji, ila bila mkono wake. Wengi walidhani kilichorudishwa ni uchi tu. Mimi naona kilichorudi hasa ni muda, na muda ndio malighafi ya Molly Malene Stensgaard, mhariri aliyeshika pia Dancer in the Dark na Dogville.

Itazame sura ya tano. Joe, mwanamke ambaye ndiye mhusika mkuu, anamsimulia msikilizaji wake Seligman habari za wapenzi wake, na Seligman anamfafanulia wimbo wa kinanda wa Bach, “Ich ruf zu dir, Herr Jesu Christ”, uliotungwa kwa sauti tatu tu. Sauti hizo haziletwi kwa pamoja. Kwanza inakuja besi, inayopigwa kwa miguu, hatua kwa hatua bila papara. Juu yake anawekwa F, mwanamume mpole anayejua Joe anataka nini kabla hajaambiwa. Kisha unaingia mkono wa kushoto, na pamoja nao G, mwenye mwendo wa chui. Mkono wa kulia unakuja mwisho na wimbo wenyewe: huyo ni Jerôme, anayependwa.

Ndipo skrini inagawanyika vipande vitatu. Jicho haliwezi kutazama kote kwa wakati mmoja, na badiliko lolote katika kipande kimoja linaweza kulinyang'anya kutoka vingine viwili. Stensgaard na wenzake walilazimika kulipima kila moja dhidi ya mapigo ya kinanda. Hata hivyo mtazamaji hapotei. Anazifuata picha kama msikilizaji wa taarabu anavyoifuata ganuni katikati ya fidla, kwa sababu kila sauti ilikwisha kutambulishwa peke yake. Joe anaposema hahisi kitu, tunajua ni sauti ipi imekatika.

Kuna kazi nyingine isiyoonekana kabisa. Mtayarishaji Louise Vesth alieleza mwaka 2013 kwamba waigizaji waliigiza tendo la ndoa, kisha wengine wakalifanya kweli, na kompyuta ikaunganisha miili: kiunoni kwenda juu mwigizaji, kwenda chini mwingine. Hebu fikiria mshono huo unapita wapi. Kiuno hakitulii, kwa maana tumbo linapumua. Mwanga ukihitilafiana kidogo, au rangi ya ngozi, au pembe ya kamera, udanganyifu unafichuka papo hapo. Nimeutafuta mshono huo kwa makusudi, sikuuona.

Katika sehemu ya pili ya filamu limerejeshwa tukio la Joe kujitoa mimba, ambalo toleo fupi halina. Simshauri kila mtu alitazame. Lakini ufundi wake ni uleule wa sura ya tano. Mhariri mwenye haraka angerukia uchungu moja kwa moja. Hapa vifaa vinaonekana kwanza, maandalizi yanachukua muda wake, mikono inafanya kazi kwa utaratibu unaotisha, na kamera haipewi pa kukimbilia. Baada ya hapo Joe na Seligman wanaachiwa wabishane kwa kirefu, na hakuna kati yao anayekatwa kabla hoja yake haijafika mwisho.