Wema Unaofutika Alfajiri

Wahenga walituusia tutende wema twende zetu. Ndani ya usia huo mna jambo ambalo hawakuona haja ya kulisema: kwamba sisi tukishaondoka, wema wenyewe utabaki. Gemu ya The Legend of Zelda: Majora's Mask, iliyotolewa na Nintendo mwaka 2000, inatunyang'anya uhakika huo. Kwangu mimi, hiyo ndiyo sababu ya kuicheza hadi leo.

Katika nchi ya Termina, mwezi wenye uso wa kutisha unashuka taratibu juu ya mji wa Clock Town. Baada ya siku tatu, saa kumi na mbili asubuhi, utaanguka na kuangamiza kila kitu. Link, kijana unayemwongoza, ana filimbi. Akipiga wimbo fulani, anarudi asubuhi ya siku ya kwanza. Mzunguko mzima hauchukui hata saa moja ya maisha yako.

Kila akirudi, mishale na mabomu yametoweka, na watu aliowasaidia wanamtazama kama mgeni. Vinyago alivyopewa hubaki. Akiba yake benki pia hubaki, kwa kuwa mwenye benki alimpiga muhuri. Mji mzima umemsahau aliyewaokoa, lakini salio lake linakumbukwa. Gemu inaipitisha kejeli hiyo bila hata kutabasamu.

Wengi huisoma kazi hii kama hadithi ya msiba, na huo mwezi kama kifo. Usomaji huo una mashiko. Lakini nadhani swali gumu zaidi liko chini, mitaani.

Anju anaendesha nyumba ya wageni na kumngoja mchumba wake, Kafei, aliyetoweka. Kafei amelogwa akawa mtoto, kisha mwizi aitwaye Sakon akamwibia kinyago chake cha harusi. Anaona haya kurudi mikono mitupu. Kuwakutanisha kunakula siku zote tatu: kupeleka barua, kutunza miadi ya usiku, kumfuata mwizi hadi mafichoni kwake. Wanapoonana, kumebaki kitambo tu kabla ya mwezi kuanguka. Wanakufanya shahidi wao, wanakuambia ukimbie, wao wataipokea asubuhi pamoja. Unapiga filimbi. Anju yuko tena kaunta, anangoja.

Kuna bei nyingine. Usiku wa kwanza, Sakon huyohuyo anampora bibi kizee mzigo wake. Ukimzuia, haendi tena kwenye duka la vitu vya wizi ambako Kafei anamvizia, na wapenzi hawatakutana katika mzunguko huo. Anayetaka wakutane lazima asimame pembeni, bibi aporwe. Mara ya kwanza unaweza kusema hukujua. Mara ya pili unajua saa na mahali, na unaelekea kwingine. Sijaona kazi nyingine ya kifantasia inayoutumia muda unaojirudia kwa ukali huu: kumbukumbu inampa shujaa nguvu, papo hapo inamnyima kisingizio.

Ndiyo maana mwisho wake unanikera. Majora akishashindwa, tunaonyeshwa furaha ya watu tuliowasaidia katika mizunguko yote, ikijumlishwa. Harusi inafungwa hata kama mara hii ya mwisho hukukanyaga kwa Anju. Wapo wanaoiona hiyo kuwa huruma, na sikatai kwamba inafariji. Ila gemu iliyotufunza kwa saa nyingi kwamba siku tatu hazitoshi kumfaa kila mtu inatufutia deni lote kwa mkupuo, kana kwamba yule bibi hakuporwa.

Kinyago walichompa Link wale wapenzi kilitosha. Kilikuwa ushahidi kwamba asubuhi moja, watu wawili walikutana, na yupo mtu mmoja anayeikumbuka.